Paddy Chayefsky na jeuri ya mwandishi wa skripti

Ukitaka kumchokoza mwandishi wa skripti yeyote, muulize tu kile alichoandika na kile kilichokuja kuonekana kwenye tivii vinafanana kiasi gani, afu vuta kiti maana utakaa hapo mpaka magharibi. Mimi kuna prodyuza mmoja aliwahi kunipigia saa nne usiku, keshokutwa yake wanashuti, ananiambia sini ya mwisho imepoa sana, tuweke mtu azimie. Nikamwambia hakuna sababu ya mtu kuzimia pale. Akasema sababu tutaitafuta. Basi akazimia mama mkwe, watazamaji wakapenda kweli kweli, na mpaka leo mimi niliyeandika sijui yule mama alizimia nini.

Ndo maana nikisoma habari za Paddy Chayefsky huwa nacheka peke yangu. Huyu jamaa alifanya kazi New York na Hollywood tangu tivii ikiwa changa mpaka 1980, sehemu ambazo mwandishi analipwa vizuri tu lakini anachukuliwa kama fundi bomba, ukishaziba chukua hela yako uende. Yeye akakataa kwenda. Alikuwa anakaa seti, anasikiliza kila neno, na ole wako ubadilishe. Na alifika mbali hivo hivo na jeuri yake, ana Oscar 3 za uandishi na zote alizipata peke yake, hakuna jina la mtu wa pili pembeni, kitu ambacho hakuna mwandishi mwingine amekifanya. Wengi wanamjua kwa Network ya 1976, ile ya mtangazaji anayewaambia watu wafungue madirisha wapige kelele. Hapo mi nabishana kidogo. Naona kazi yake kubwa kuliko zote alikuwa ameshaifanya miaka 23 kabla, kwenye tivii ya picha nyeusi na nyeupe, na ilikuwa inahusu muuza nyama.

Jina lake halisi lilikuwa Sidney Aaron Chayefsky, alizaliwa Bronx, New York, mwaka 1923, wazazi Wayahudi waliohamia kutoka kule Urusi ya zamani. Hilo jina la Paddy, ambalo ni la Waairishi Wakatoliki, alilipatia jeshini wakati wa Vita Kuu ya Pili. Inavyosimuliwa ni kwamba asubuhi moja walimpangia zamu ya jikoni, akasema samahani afande mimi nataka kwenda Misa. Afisa akamuuliza we si Myahudi? Akajibu ndio, ila mama ni Muairishi. Haya Paddy, nenda. Jina likaganda maisha yote. Vitani aliumizwa na bomu la kutegwa ardhini karibu na Aachen, Ujerumani, na alipokuwa anauguza majeraha Uingereza akaandika mchezo wa kuimba ambao jeshi likauzungusha kwa askari. Aliporudi nyumbani alifanya kazi kwenye karakana ya uchapaji ya mjomba wake, akajaribu Hollywood kidogo, hata kuigiza kasehemu kadogo aliigiza, haikushika, akaandikia redio, na mwishoni akaangukia tivii.

Sasa hapa inabidi uielewe ile tivii ilikuwaje, maana bila hivo humwelewi kabisa. Mwanzo wa miaka ya 50 hakukuwa na kurekodi kwa mkanda, mashine hiyo ilikuja 1956. Mchezo unarushwa laivu kutoka studio New York, saa nzima ukitoa matangazo, mwigizaji akisahau maneno amesahau mbele ya nchi, akimaliza sini ya jikoni anakimbia nyuma ya kamera kuwahi sini ya ukumbini huku anabadilisha koti njiani. Kwa vituo vya mbali walikuwa wanaipiga picha skrini yenyewe kwa kamera ya filamu wakati mchezo unaendelea, afu ile kopi wanaisafirisha, na ni bahati yetu walifanya hivo maana kopi hizo ndo zimebaki tunazoziona leo zikiwa na ukungu kama zimetolewa mvunguni.

Na kioo chenyewe kilikuwa kidogo, studio nyembamba, kwa hiyo vita huonyeshi, farasi huonyeshi, umati wa watu elfu huonyeshi. Unachoweza kuonyesha vizuri ni uso wa mtu, na watu wawili mezani wanaongea. Wengine waliona hiyo ni kasoro. Chayefsky akaona ndo nafasi yenyewe, kama huwezi kuonyesha kitu zaidi ya watu wawili jikoni basi andika kile kinachotokea watu wawili wakiwa jikoni, na uandike sawasawa. Prodyuza wake pale kituo cha tivii cha NBC alikuwa Fred Coe, kwenye kipindi cha Philco Television Playhouse cha Jumapili usiku (Philco walikuwa watengenezaji wa redio na tivii, yani wanakudhamini mchezo ili ukanunue tivii ya kuuangalia, biashara safi kabisa). Coe alikuwa mtu adimu kwenye hii kazi, alikusanya waandishi vijana, kina Horton Foote, Tad Mosel na wengine, akawaacha waandike mambo yao na kuwapa heshima ambayo zamani ilikuwa ya waandishi wa jukwaani tu. Kwake Chayefsky aliandika kisa cha mwimbishaji wa sinagogi aliyepoteza imani, 1952, afu kingine cha mchapaji mzee anayepitwa na mashine mpya, hapo karakana ya mjomba ikalipa.

Halafu ikaja Marty, 24 Mei 1953.

Wazo lilimjia ukutani, kihalisia. Walikuwa wanafanya mazoezi ya mchezo mwingine kwenye ukumbi wa dansi wa hoteli moja Manhattan, ukumbi ambao jioni ulikuwa unatumika kukutanisha watu wasio na wenza, na pale ukutani kulikuwa na tangazo linawaambia akina dada wacheze na mwanaume anayewaomba, wakumbuke wanaume nao wana hisia. Mwanzo akafikiria mchezo wa msichana, baadaye akageuza akasema hapana, awe mwanaume. Na mwanaume mwenyewe si mzuri wa sura, mnene, fundi wa bucha, Mtaliano wa Bronx, kapera aliyevuka miaka thelathini anakaa na mama yake.

Mchezo unaanzia buchani. Marty anakata nyama, mteja mmama anamuuliza habari za harusi ya mdogo wake, ilikuwa nzuri eeh, na wewe je, huoni aibu wadogo zako wote wameoa wewe bado? Anapima nyama, anatabasamu, anajibu. Anakuja mteja wa pili, swali lile lile. Ukitaka kujua kama mwandishi anajua anachofanya angalia hapo, hakuna mtu aliyesema Marty ni mpweke, hakuna sauti ya msimulizi, ni nyama tu inapimwa na swali linarudi. Mtu yeyote aliyefika miaka 35 bila ndoa akaenda kukaa kwenye harusi ya binamu yake anaijua hiyo sini bila kutafsiriwa.

Baada ya hapo yupo na rafiki yake Angie, Jumamosi, wanaulizana tufanye nini leo usiku, mmoja anasema sijui, wewe unataka tufanye nini, mwingine anasema sijui, wewe je. Inazunguka hivo. Nimewahi kuwaonyesha waandishi wawili wachanga ile sini, mmoja akaniambia si hakuna kinachotokea hapo? Ndiyo bana, ndo kinachotokea.

Lakini ile inayonimaliza mimi ni ya simu. Marty anampigia msichana aliyekutana naye sinema kama mwezi mmoja nyuma. Sisi hatumsikii yule msichana hata kidogo, tunasikia upande wa Marty tu, anajieleza yeye ni nani, anamkumbusha walikaa wapi, anauliza kama yupo Jumamosi hii, anyway kama sio hii basi Jumamosi ijayo, na inayofuata je? Kamera inasogea taratibu mpaka usoni. Anafumba macho huku bado ameshika simu, anaendelea kuongea kwa adabu. Basi. Angekuwa prodyuza wangu hapo angesema weka sauti ya msichana anacheka, weka muziki, ikibidi azimie.

Mama yake pia ameandikwa vizuri mno. Chakula cha jioni anamsukuma mwanawe aende dansi, mwanawe analipuka kwamba amechoka kutafuta, kwamba yeye ni mtu mnene mbaya na huko dansini wasichana wanamfanya ajione mdudu. Anaenda hata hivyo. Anampata Clara, mwalimu, msichana aliyetelekezwa pale ukumbini na mwanaume aliyekuja naye. Wanaongea usiku kucha. Na sasa angalia huyu mama, aliyekuwa analilia mwanawe aoe, siku mwanawe analeta msichana nyumbani mama anashtuka, maana hapo katikati dada yake amefukuzwa na mkwe wake na yeye anaona zamu yake inakuja. Kesho yake anaanza kumtoa Clara kasoro. Hajawa mtu mbaya, ameogopa tu. Rafiki zake Marty nao wanasema yule dada ni mbaya wa sura, achana naye, na Marty anakaribia kweli kuachana naye. Hakuna adui kwenye mchezo mzima! Watu wote wanampenda Marty na karibu wote wanamharibia.

Chayefsky mwenyewe aliandika baadaye kwamba alijaribu kuandika yale maongezi kana kwamba yamenaswa kwa siri kwenye waya wa simu. Naamini. Alikuwa na sikio ambalo wengi hatuna.

Kwenye tivii Marty alikuwa Rod Steiger, mwongozaji Delbert Mann. Simu na barua zikaja nyingi, na kampuni ya Harold Hecht na Burt Lancaster wakataka kuifanya muvi. Hapa ndo jeuri inaanza kuonekana. Kwa mwandishi wa tivii kuitwa Hollywood ilikuwa ni kama umeokota, unasaini unafunga mdomo. Yeye akatoa masharti, skripti anaandika mwenyewe, anakuwepo wakati wa kazi, na mwongozaji awe yule yule Mann ambaye alikuwa hajawahi kuongoza muvi hata moja. Wakakubali. Steiger hakuendelea, hakutaka kusaini mkataba wa kufungwa na kampuni miaka mingi, nafasi akapewa Ernest Borgnine ambaye watu walikuwa wanamjua kama yule sajenti katili wa From Here to Eternity. Clara akawa Betsy Blair, na huyo nusura asiwemo maana alikuwa kwenye orodha ya watu walionyimwa kazi kwa kushukiwa ukomunisti, mpaka mume wake Gene Kelly alipowatishia wakubwa wa studio ya MGM kwamba hatoendelea na muvi aliyokuwa anawafanyia.

Muvi ikatoka 1955, dakika 90 hivi, bajeti kiduchu. Ikachukua Palme d'Or, tuzo kubwa ya tamasha la filamu la Cannes kule Ufaransa, ile ya kwanza kabisa kutolewa kwa jina hilo, halafu Oscar 4, muvi bora, mwongozaji, mwigizaji na skripti. Muuza nyama!

Tivii yenyewe haikumsubiri. Kadiri watu wengi walivyonunua tivii ndivyo wadhamini walivyotaka vitu visivyomkera mtu, na kazi ikahamia Hollywood kwenye vipindi vya mfululizo vilivyopigwa kwenye filamu, kaboi na wapelelezi, mpaka mwisho wa miaka ya 50 ile michezo ya laivu ilikuwa imekwisha. Chayefsky akaenda jukwaani Broadway, The Tenth Man 1959, Gideon 1961, zikafanya vizuri, na moja ya kuhusu Stalin aliyoiongoza mwenyewe 1964 ikaanguka vibaya. Jambo moja la maana hapo, jukwaani kule Marekani mkataba wa mwandishi unasema neno lake halibadilishwi bila ruhusa yake. Hiyo ndo sheria aliyoizoea na ndo aliyokuwa anataka kuipeleka kwenye sinema, ambako haijawahi kuwepo.

Mwaka huo huo wa 1964 ilitoka The Americanization of Emily, James Garner na Julie Andrews, kisa cha afisa wa jeshi la majini mwoga anayejivunia uoga wake, anasema vita haviishi kwa sababu tunawageuza waliokufa mashujaa na wajane wao watakatifu. Kuandika hivyo miaka 20 tu baada ya vita, na wewe mwenyewe una jeraha la vita hiyo, ilitaka moyo. Lakini pia ndo pale nasikia kitu kinabadilika kwake. Watu wanaanza kuhutubia. Hotuba nzuri sana, zina akili, zinachekesha, ila ni hotuba, na kila mtu anaongea kama Chayefsky. The Hospital ya 1971 ikaenda mbele zaidi, George C. Scott ni daktari mkuu anayetaka kujiua kwenye hospitali ya New York ambako wagonjwa na madaktari wanakufa kwa uzembe na fujo za makaratasi, na mwanzoni ile sauti ya msimulizi ni ya Chayefsky mwenyewe, nadhani hakumwamini mtu mwingine kuisema. Oscar ya pili hiyo. Mtu aliyeanza kama sikio sasa amekuwa mdomo.

Network ndo kilele cha huo mdomo. Mtangazaji Howard Beale anaambiwa atafukuzwa kwa sababu watazamaji wamepungua, anatangaza laivu kwamba atajiua hewani, watazamaji wanaongezeka, kwa hiyo kampuni badala ya kumpeleka hospitali inampa kipindi. Anakuwa nabii wa hasira mpaka siku anapoingilia biashara kubwa, anawachochea watu wapeleke telegramu kuzuia pesa za Wasaudi kuinunua kampuni, ndo anaitwa na bosi mkubwa kwenye chumba cha mikutano chenye giza anapewa mahubiri kwamba dunia haina mataifa, ina pesa tu. Ned Beatty, aliyeigiza huyo bosi, anaonekana muda mfupi tu na akateuliwa kugombea Oscar. Chayefsky aliijua ile nyumba aliyokuwa anaichoma, na mwongozaji Sidney Lumet vile vile, wote wawili ni watoto wa tivii ya laivu.

Peter Finch aliyeigiza Beale, ile hotuba ya hasira aliifanya mara moja nzima na mara ya pili akaishia katikati, pumzi imekata, Lumet akatumia alichopata. Finch alifariki Januari 1977 kabla ya tuzo. Kazi yake ya mwisho, wengi huku hatujui, ni ile muvi ya tivii ya uvamizi wa Entebbe, alikuwa anaigiza waziri mkuu wa Israel Yitzhak Rabin, ilirushwa NBC siku chache tu kabla hajafa. Usiku wa Oscar Chayefsky ndo alipanda jukwaani kwa niaba yake, na papo hapo akamwita mjane wake Eletha aje achukue mwenyewe.

Sasa nirudi kwenye ubishi wangu. Network ilipata Oscar 4, na moja alipewa Beatrice Straight ambaye anaonekana kama dakika tano tu, muda mfupi kuliko mshindi yeyote wa tuzo ya uigizaji. Kwenye muvi anaigiza mke wa William Holden, mume anamwambia nimependa mwanamke mwingine. Wako nyumbani. Hakuna hotuba ya dunia wala tivii wala Wasaudi, ni mama wa makamo anayeuliza kama baada ya miaka yote hiyo yeye hastahili hata heshima, anapiga kelele, analia, afu anaanza kuuliza maswali ya kawaida kabisa kuhusu huyo mwanamke. Hiyo ni Bronx ya 1953 imeingia kwenye muvi ya 1976. Lumet alisimulia kwamba wakati wa mazoezi ya sini hiyo Chayefsky alianza kuja na maoni yake kama kawaida, Lumet akanyoosha mkono akamwambia Paddy tafadhali, mambo ya talaka mimi nayajua kuliko wewe. Akarudi akakaa. Nadhani ni mara chache sana mtu alimkalisha.

Mwisho wake kwenye kazi ulikuwa mchungu. Altered States, mwanasayansi anayejifungia kwenye tangi la maji na kutumia uyoga wa kulevya kutafuta asili ya binadamu, kwanza akaiandika riwaya 1978 halafu skripti. Mwongozaji wa kwanza akaondoka, akaja Ken Russell, Mwingereza ambaye naye hakuwa mtu wa kupangiwa. Safari hii Chayefsky alikuwa na kila kitu kwenye karatasi, maneno yake hayaguswi. Na kweli hayakuguswa. Waigizaji wakayasema mbio mbio, wengine huku wanatafuna, mpaka ukikaa kusikiliza unashika nusu. Hakuna mkataba unaoweza kukulinda na hiyo. Aliondoka seti akatoa jina lake kwenye skripti, ukiangalia leo imeandikwa skripti ni ya Sidney Aaron, yani yale majina mawili aliyopewa na mama yake kabla afande hajampa la Misa.

Muvi ilitoka Desemba 1980. Agosti mosi 1981 akafariki New York kwa saratani, miaka 58. Rafiki yake mkubwa alikuwa Bob Fosse, yule bingwa wa dansi. Kuna hadithi kwamba Fosse alipokuwa anaenda kupasuliwa moyo 1974 alimpa Paddy wosia wake asaini kama shahidi, Paddy akausoma wote, akauliza mbona mimi simo, akaambiwa nimewaachia familia, akamtukana tusi zito akamwambia basi usife. Msibani kwa Paddy, Fosse alisimama mbele ya watu akacheza dansi kidogo, walikuwa wameahidiana.

Kama hujawahi kuona chochote chake, usianzie Network. Tafuta Marty ya tivii, ile ya Steiger, kopi zake zipo mtandaoni, picha mbovu na sauti inakwaruza lakini vumilia mpaka sini ya simu. Borgnine kwenye muvi anakufanya umpende Marty, Steiger anakufanya uone aibu kumwangalia, na mi naona Steiger ndo yuko karibu zaidi na kilichoandikwa. Ukimaliza hizo mbili ndo uende Network, na ile sini ya madirisha ukitaka iruke tu, utakuwa umeshaiona mara mia kwenye klipu.